Fahamu Jinsi Burudani ya Kisasa Ilivyokua Nchini Indonesia

Na Mwandishi Wetu

Muziki na filamu za Indonesia hufuatiliwa leo na mamilioni ya watu ndani ya nchi hiyo yenye visiwa zaidi ya 17,000, na pia nje ya mipaka yake. Mafanikio hayo yametokana na safari ndefu ambamo Serikali ya nchi hiyo ilikuwa mjenzi wa sekta ya burudani na, wakati huohuo, mdhibiti wake mkali.

Baada ya uhuru kutangazwa tarehe 17 Agosti, 1945, wasanii walianza kutafuta sauti ya taifa jipya. Tarehe 30 Machi, 1950, mwongozaji Usmar Ismail alianza kupiga picha za filamu ya Darah dan Doa. Siku hiyo sasa huadhimishwa kuwa Siku ya Filamu ya Taifa. Mwaka 1956 Serikali ilianzisha kampuni ya kurekodi muziki ya Lokananta mjini Surakarta. Mwaka 1962 televisheni ya taifa, TVRI, ilianza kurusha matangazo, Jakarta ikiwa mwenyeji wa Michezo ya Asia.

Hata hivyo, Rais Sukarno aliuona muziki wa roki wa nchi za Magharibi kuwa tishio kwa utamaduni wa taifa. Mwaka 1965 ndugu wa kundi la Koes Bersaudara walifungwa kwa takribani miezi mitatu kwa kupiga muziki wa mtindo wa The Beatles. Kundi hilo, lililojulikana baadaye kwa jina la Koes Plus, likawa miongoni mwa makundi yaliyopendwa zaidi nchini humo.

Katika miaka ya 1970 ulishamiri muziki wa dangdut, ambao jina lake linaiga mlio wa ngoma. Muziki huo uliunganisha nyimbo za Kimalayu, muziki wa filamu za Kihindi, mahadhi ya Kiarabu na gitaa la umeme. Msikilizaji wa taarab katika Pwani ya Afrika Mashariki atautambua undugu huo, kwa kuwa taarab nayo ilichota kutoka Misri na India. Rhoma Irama, mwimbaji mashuhuri wa dangdut, aliunga mkono chama kilichoshindana na chama tawala mwaka 1977, na kwa takribani miaka 11 hakuruhusiwa kuonekana katika TVRI. Wananchi waliendelea kumsikiliza kupitia kaseti.

Serikali hiyohiyo ilirusha setilaiti ya Palapa mwaka 1976, ikavifikishia matangazo visiwa vya mbali. Mwaka 1989 kituo cha kwanza cha televisheni binafsi, RCTI, kilianza kazi.

Rais Suharto alipojiuzulu mwaka 1998, uhuru wa kujieleza uliongezeka. Filamu za Petualangan Sherina (2000) na Ada Apa dengan Cinta? (2002) ziliwarejesha vijana katika majumba ya sinema. Mwaka 2016 sekta ya filamu ilifunguliwa kwa mitaji ya kigeni, na mwaka 2022 filamu ya KKN di Desa Penari ilitazamwa na zaidi ya watu milioni 9. Ukaguzi wa filamu ungali upo kisheria.

Historia hiyo inaonesha kuwa mitambo, mitaji na sheria vilivyowekwa na Serikali viliijenga sekta hiyo, ilhali marufuku hayakubadili mapenzi ya wananchi kwa wasanii wao.