Mpaka wa Mahali na Mpaka wa Wakati: Mfano wa Kapsokwony

Neno mpaka katika Kiswahili hufanya kazi mbili. Likiwa jina la ngeli ya m-/mi-, lataja alama itenganishayo mashamba, wilaya au nchi. Likiwa kihusishi, laonyesha kikomo, nacho chaweza kuwa cha mahali, kama katika "kutoka Kitale mpaka Kapsokwony", au cha wakati, kama katika "tangu 1963 mpaka 1992". Kamusi huziandika maana hizi mbalimbali. Katika ugawaji wa tawala, hata hivyo, hazitengani: kila mpaka wa ardhi umefungamana na mwaka fulani, na mwenye kuuchagua mwaka huo huwa keshachora nusu ya ramani.

Mji wa Kapsokwony, ulio kwenye miteremko ya Mlima Elgon, watoa mfano ulio wazi. Wasabaot wa sehemu hizo, ambao ni tawi la Wakalenjin, walihesabu wakati kwa marika ya tohara. Majina ya marika hayo, kama Maina, Chumo, Korongoro na Nyongi, hufuatana kwa mzunguko: jina hutoweka pamoja na wazee wake, kisha baada ya vizazi kadhaa hurudi kwa vijana. Katika hesabu ya namna hii jambo lililopita halijaondoka kabisa, bali lina zamu ya kurejea.

Serikali ilikuja na hesabu nyingine, ile ya miaka isiyorudi. Mwaka 1902 Mkoa wa Mashariki wa Uganda ulihamishiwa katika himaya ya Afrika Mashariki, ambayo baadaye iliitwa Kenya. Hivyo Wasabaot wakatengwa na ndugu zao Wasebei waliobaki Uganda. Katika miaka ya 1910 na 1920 nyanda za Trans Nzoia, walikolisha ng'ombe wao, ziligawiwa walowezi wa Kizungu. Madai yao juu ya nyanda hizo yalifikishwa mbele ya Tume ya Ardhi ya Kenya ya miaka ya 1932 na 1933, lakini nyanda hazikurudi. Mwaka 1956 ikaundwa Wilaya ya Elgon Nyanza, iliyokatwa kutoka Nyanza ya Kaskazini. Kenya ilipopata uhuru mwaka 1963, Trans Nzoia na Kitale yake zilikuwa upande wa Bonde la Ufa, nayo miteremko ya Kapsokwony ilikuwa upande wa Magharibi pamoja na Bungoma, ingawa Wasabaot wengi walitaka kuwa upande mmoja na Wakalenjin wenzao.

Ng'ambo ya mlima mambo yalikwenda vingine: mwaka 1962 Wasebei walipewa wilaya yao wenyewe, mbali na Bugisu. Wasabaot walingoja mpaka mwaka 1993, ilipoundwa Wilaya ya Mlima Elgon, na Kapsokwony ukawa makao yake makuu. Lakini Katiba iliyotangazwa tarehe 27 Agosti 2010 iliweka kaunti 47 kwa kufuata wilaya za Sheria ya Wilaya na Mikoa ya mwaka 1992. Wilaya iliyozaliwa mwaka mmoja baada ya sheria hiyo haikuweza kuwa kaunti. Mlima Elgon ukarudi chini ya Bungoma, ambako Wabukusu ndio wengi.

Yafaa ieleweke kwamba katika mabishano haya hakuna upande usemao uongo. Msabaot anayeitaja Trans Nzoia aanzia kabla ya walowezi. Mbukusu naye ana kumbukumbu zake za makazi na malisho katika nchi iyo hiyo, nazo zaanzia mwaka mwingine. Wote wawili husema "tangu zamani", bila kutaja ni zamani ipi.

Kutotaja huko kuna gharama. Chepkitale, juu mlimani, iligeuzwa hifadhi ya wanyama mwaka 1968, na tangu mwaka 1971 watu wake wa Mosop wakapewa ardhi Chebyuk, ambako watu wa Soy nao walidai haki. Ugawaji ulirudiwa kwa awamu, na kila awamu iliibua swali lile lile: nani alikuwapo, na tangu lini? Kati ya mwaka 2006 na 2008 swali hilo lilijibiwa kwa bunduki, na mamia ya watu wakapoteza maisha.

Kwa hiyo, tume yoyote itakayokaa kugawa upya nchi hizi haina budi kutamka mapema ni mwaka gani inaofanya kuwa mwanzo, na kueleza kwa nini ni huo wala si mwingine. Wananchi watapata hapo jambo la kujadili kwa hoja. Mwaka ukifichwa ndani ya sheria, kama ulivyofichika ule wa 1992, watu huuona mpaka ardhini wasijue ulikotoka, na huungoja uondoke kama rika linavyongoja zamu yake.