Uongo wa SIDA: vile ulipikwa na vile ulitufikia

Ni nani kati yetu hajasikia kwamba SIDA, yaani UKIMWI, ilitengenezwa na Wamarekani ndani ya maabara? Neno hilo linapita kwenye bus, kwa kinyozi, hata kati ya sisi wenye diplome. Lakini ni wachache wenye kujua lilitoka wapi. Si uvumi wenye kujizaa peke yake: kulikuwa watu wenye kulipwa mshahara ili waueneze. Tuangalie vile walifanya.

Kwanza, walitafuta kinywa cha mbali. Mwezi wa 7 mwaka 1983, Patriot, gazeti la Uhindi lenye kuegemea Umoja wa Sovieti, lilitoa barua isiyo na jina. Mwandishi alijiita mtaalamu wa Marekani. Alisema ugonjwa ulitoka Fort Detrick, maabara ya jeshi la Marekani. Kisha habari ikalala miaka 2.

Pili, mwezi wa 10 mwaka 1985, gazeti la Moscow, Literaturnaya Gazeta, likaiamsha, likitaja lile la Uhindi kuwa chanzo. Kumbe mkono ulikuwa ule ule: KGB, upelelezi wa Sovieti.

Tatu, wakauvalisha uongo koti ya sayansi. Jakob Segal, profesa wa Berlin ya Mashariki, aliandika ripoti kwamba virusi viwili viliunganishwa kule Fort Detrick. Mwaka 1986 kijitabu chenye maneno yake kikagawanywa Harare, kwenye mkutano wa nchi zisizofungamana na upande wowote. Hapo kikashika njia ya Afrika. Kufika 1987, habari ilikuwa imetokea ndani ya nchi zaidi ya 80, kwa lugha zaidi ya 30.

Juu ya nini watu waliamini? Kwa sababu uongo ulipandwa juu ya kidonda cha kweli. Kule Tuskegee, Alabama, toka 1932 mpaka 1972, serikali ya Marekani iliangalia wanaume weusi wakiugua kaswende bila kuwatibu. Mwenye kujua hiyo, utamwambia nini? Na Waafrika walikuwa wamechoka kunyooshewa kidole kwamba ugonjwa ni wao.

Sasa ukweli. Kirusi kilitoka kwa sokwe wa kusini-mashariki mwa Kameruni. Damu ya zamani yenye kukionyesha ilitolewa mwaka 1959 hapa kwetu Kinshasa, ikiitwa bado Léopoldville. Mwaka huo hakuna maabara hata moja duniani iliyojua kuunganisha jeni za virusi viwili. Hadisi ya Segal inaangukia hapo.

Mwaka 1992 Yevgeny Primakov, mkuu wa upelelezi wa Urusi, alikubali kwamba idara yao ilihusika. Lakini ukweli huo haukupanda bus. Na uongo wa namna hii unaumiza: utafiti wa Marekani wa 2005 ulionyesha kwamba wanaume weusi wenye kuamini sana njama kuhusu UKIMWI walitumia kondomu kidogo kuliko wengine.

Tusijidanganye kwamba diplome inatukinga. Segal alikuwa profesa. Siku habari kali inaingia kwenye simu yako, uliza mambo 3: nani aliandika wa kwanza? Wenye kuirudia, wanatajana wenyewe kwa wenyewe? Na ni kidonda gani changu inagusa ili nisiulize tena?