Kulaza Mchezo na Kuufunga

Jua linapokaribia kuchwa, ng'ombe hurudi kutoka malishoni, na katika vijiji vya Mbulu na Hanang husikika kengele zao na kuonekana vumbi lao. Saa hiyo kila mtoto ana kazi yake. Huyu hufunga ndama, huyu huteka maji, na huyu huleta kuni, maana usiku wa huku juu una baridi kali. Lakini siku hizi huenda yuko mtoto mmoja ambaye mama yake humwita mara tatu asije. Ameketi mbele ya televisheni, na mikononi ameshika pedi ya mashine ya gemu. Akiitwa hujibu, "Ngoja kidogo, mama. Nikiinuka sasa nitapoteza yote."

Je, maneno yake ni kweli? Yaweza kuwa kweli, tena yaweza kuwa uongo. Na mara nyingi mtoto mwenyewe hajui. Basi katika somo hili tutaeleza jinsi mchezo unavyolazwa, na jinsi unavyofungwa, na ni kitu gani kinachopotea, na ni kitu gani kinachobaki.

Mashine na sehemu zake mbili

Mashine ya gemu ni kompyuta iliyotengenezwa kwa ajili ya michezo. Huunganishwa na televisheni kwa waya, na mchezaji huiamuru kwa vitufe vya pedi. Zilizo mashuhuri ni tatu: PlayStation ya kampuni ya Sony, Xbox ya kampuni ya Microsoft, na Switch ya kampuni ya Nintendo. Katika Tanzania mashine hizi zimo nyumbani mwa watu kadha wa kadha, na pia zimo katika vibanda vya mjini, ambamo vijana hulipa fedha kidogo wapate kucheza kwa zamu.

Ili kufahamu kazi ya mashine hii, na tuukumbuke mchezo wa bao. Bao lina mashimo 32 na kete 64. Watu wawili wakicheza, hali yote ya mchezo imo katika ubao: shimo hili lina kete tatu, lile halina kitu, na lile lina kete saba. Kete zikimwagika, mchezo umekwisha, hata kama wachezaji wenyewe wamekaa pale pale.

Mashine ya gemu ina sehemu mbili za kuwekea mambo. Sehemu ya kwanza ni kumbukumbu ya muda, nayo ni kama ubao wa bao. Humo ndimo mchezo unamochezwa: mahali ulipo mpira, nguvu alizobakiza askari, dakika zilizopita, yote yamo humo. Kumbukumbu hii ni nyepesi mno, lakini ina udhaifu mmoja mkubwa: huishi kwa umeme. Umeme ukikatika, yote yaliyomo hutoweka. Ni kama mbuzi apitaye akaupindua ubao. Kete zote zamwagika, wala hakuna awezaye kuapa kwamba shimo fulani lilikuwa na kete ngapi.

Sehemu ya pili ni hifadhi ya kudumu, nayo ni kama daftari. Ukiandika katika daftari hesabu ya kete za mashimo yote 32, mbuzi na apindue ubao apendavyo. Kesho utalifungua daftari lako na kuzipanga kete tena kama zilivyokuwa. Hifadhi ya kudumu haihitaji umeme ili kushika yaliyoandikwa. Mashine yaweza kuzimwa mwezi mzima, na maandiko yakawamo.

Katika PlayStation 5, iliyotolewa Novemba 2020, kumbukumbu ya muda ni gigabaiti 16, na hifadhi ya kudumu ya mashine za kwanza ni gigabaiti 825. Gigabaiti ni kipimo cha wingi wa mambo yanayowekwa ndani ya kompyuta. Mwaona, basi, ya kuwa daftari ni kubwa kuliko ubao zaidi ya mara hamsini.

Matendo manne yasiyofanana

Wachezaji wengi huyachanganya matendo manne, na huko kuchanganya ndiko kunakowatia hasarani. Tuyatazame moja moja.

La kwanza ni kusimamisha. Mchezaji hubonyeza kitufe, na mchezo hutulia palepale. Mashine iko macho, televisheni yaonyesha picha, na umeme unatumika kama kawaida. Ni kama wachezaji wa bao walioinua mikono ili wasalimiane na mgeni.

La pili ni kulaza. Hapa mashine yenyewe hupumzika. Televisheni haionyeshi kitu, na sehemu nyingi za mashine huacha kazi, lakini umeme kidogo huendelea kuingia ili kumbukumbu ya muda isipotee. Katika PlayStation 5 taa yake huwa nyeupe wakati wa kucheza, na ikilazwa huwa ya rangi ya chungwa, kama kaa la moto lililofunikwa majivu. Ni kama kuufunika ubao wa bao kwa nguo na kwenda zako. Ukirudi, waifunua nguo na kuendelea pale ulipoachia, bila kupanga kete upya.

La tatu ni kufunga. Kufunga mchezo ni kuzikusanya kete zote na kuzitia mfukoni. Kumbukumbu ya muda huachiliwa ili itumike kwa kazi nyingine. Yale yaliyokwisha kuandikwa katika hifadhi hubaki salama. Yale yasiyoandikwa hupotea.

La nne ni kuhifadhi, yaani kuandika katika daftari. Michezo mingine hujihifadhi yenyewe kila baada ya muda, na mingine humngojea mchezaji aiamuru. Mara nyingi alama ndogo huzunguka pembeni mwa kioo wakati mchezo unapoandika. Alama hiyo ikionekana, usizime mashine kamwe, kwa maana kuandika kukikatizwa katikati, hata maandiko ya zamani yaweza kuharibika.

Shikeni sana jambo hili: kulaza si kuhifadhi. Alazaye mchezo ameufunika ubao tu. Hajaandika neno hata moja.

Jinsi mambo yalivyokuwa zamani

Hapo kwanza, mashine za gemu hazikuweza kulazwa. Mashine ikizimwa, mchezo ulikufa, na kesho yake mchezaji alianza tena mwanzo. Baadaye michezo mingine ilimpa mchezaji safu ya herufi, naye aliiandika kwa kalamu katika karatasi. Siku ya pili aliiingiza tena ili arudi karibu na mahali alipofikia. Akikosea herufi moja, hakurudi. Mchezo uitwao The Legend of Zelda, ulipouzwa Marekani mwaka 1987, ulikuwa na betri ndogo ndani ya kasha lake. Betri hiyo ilitunza kumbukumbu hata mashine ilipozimwa. Tena PlayStation ya kwanza, iliyotoka Japani Desemba 1994, ilitumia kadi ndogo ya kuhifadhia, iliyochomekwa upande wa mbele.

PlayStation 4 ilitoka mwaka 2013, lakini uwezo wa kulaza mchezo na kuuamsha pale pale ulikuja Machi 2015, Sony ilipotoa programu mpya ya mashine hiyo. Tangu hapo watu wamezoea kulaza, hata wengi wamesahau kuhifadhi.

Umeme ukikatika usiku

Tuseme wako vijana wawili wa Katesh, chini ya mlima Hanang. Kila mmoja amecheza saa mbili. Mama zao wakawaita. Wa kwanza akailaza mashine upesi, asihifadhi. Wa pili akahifadhi kwanza, kisha akailaza. Wote wawili wakaenda kufunga ndama, wakala chakula, wakalala.

Usiku mvua ya masika ikanyesha na radi ikapiga, umeme ukakatika, nao ukarudi kabla ya mapambazuko. Asubuhi vijana wote wawili wakaona taa ya mashine imezimika. Walipowasha, mashine iliwaarifu kwamba haikuzimwa ipasavyo, ikajichunguza kwanza. Kisha wa kwanza akaufungua mchezo wake, akakuta yuko mahali alipokuwa kabla ya zile saa mbili. Wa pili akaufungua wake, akakuta yuko pale pale alipohifadhi. Radi ilikuwa moja, na umeme uliokatika ulikuwa mmoja. Tofauti ilikuwa ni kazi ya muda mfupi tu, iliyofanywa au isiyofanywa. Wazee walisema kweli: akiba haiozi.

Hatari nyingine imo kibandani. PlayStation haiwezi kulaza michezo miwili kwa pamoja. Ukiuacha mchezo wako umelala, na mchezaji wa zamu inayofuata akafungua mchezo mwingine, wako hufungwa. Mashine huonya kwanza, lakini yule aliyeketi huenda asijali, kwa kuwa kilicho hatarini si chake. Kwa hiyo katika mashine ya watu wengi usitegemee kulaza. Hifadhi, kisha funga mwenyewe.

Mashine zote si sawa

Nintendo Switch, iliyotoka Machi 2017, ina betri yake ndani. Ikilazwa na umeme wa nyumba ukikatika, betri huendelea kuitunza kumbukumbu, mpaka nguvu za betri zimalizike. Nazo Xbox za mwaka 2020 zina njia ya tatu: katika michezo mingi huandika ubao mzima katika hifadhi ya kudumu, hata zikichomolewa mchezo waweza kurudi ulivyokuwa. Ni kama mtu ambaye, kabla ya kuufunika ubao, huzinakili kete zote katika daftari. Hata hivyo si kila mchezo unaokubali njia hiyo. Basi mwenye Xbox naye yafaa ahifadhi.

Tena iko michezo ambayo haiwezi kulazwa hata kidogo. Hiyo ni ile ichezwayo kwa intaneti pamoja na watu wa mbali. Ukiilaza mashine yako, yule mwenzako wa Dodoma au Nairobi hatalala. Mchezo utaendelea, na wewe utahesabiwa kuwa umeondoka. Katika mchezo huo, yule mtoto asemaye, "Nikiinuka nitapoteza," asema kweli. Lakini kosa lake ni jingine: alianza mchezo usioweza kusimama katika saa ambayo alijua ataitwa.

Mambo ya kufanya

Utakapoitwa, fanya hivi katika PlayStation 5:

1. Simamisha mchezo.

2. Hifadhi, kama mchezo wakubali. Ngoja hata alama ya kuandika iishe.

3. Kama utarudi upesi, na mashine ni yenu nyumbani, ilaze. Bonyeza kitufe chenye alama ya PS mara moja. Safu ya alama itatokea chini ya kioo. Chagua alama ya kuzimia, kisha uchague mapumziko.

4. Kama hutarudi leo, au mwingine atatumia mashine, ufunge mchezo. Kishikilie kitufe cha PS mpaka ukurasa wa mwanzo uonekane. Nenda juu ya picha ya mchezo, bonyeza kitufe kidogo cha kulia kiitwacho Options, na uchague kufunga.

5. Kama mvua ya radi inakuja, au mashine itahamishwa, izime kabisa. Ngoja taa iache kumetameta na kuzimika, ndipo uchomoe waya. Usichomoe kamwe wakati taa ni ya rangi ya chungwa, kwa maana mashine iliyolala haijazimwa.

Matendo hayo kwa kawaida hayazidi dakika moja au mbili.

Mwisho

Basi turudi kwa yule mtoto na mama yake. Sasa yeye ajua ya kuwa mchezo waweza kungoja. Michezo mingi ya nyumbani huhifadhiwa, na isiyohifadhika katikati huweza kulazwa kwa muda. Lakini ndama aliyeachwa na mama yake atanyonya maziwa yote, na fisi hangoji mtu amalize mchezo, wala giza halisimamishwi kwa kitufe. Ajuaye kipi kinangoja na kipi hakingoji, huyo amepata elimu yenye faida. Atakapoitwa hatajibu tena, "Ngoja kidogo, mama." Atajibu, "Naam, mama, naja," na ataiweka pedi chini bila hofu, kwa kuwa kazi yake imeandikwa mahali ambapo radi haiifuti.

Maswali

1. Kumbukumbu ya muda na hifadhi ya kudumu zatofautianaje?

2. Kwa nini kulaza mchezo si sawa na kuuhifadhi?

3. Vijana wawili wa Katesh walipatwa na umeme uliokatika usiku mmoja. Kwa nini hasara yao haikuwa sawa?

4. Kwa nini haifai kutegemea kulaza mchezo katika kibanda cha gemu?

5. Taja mambo matatu ya nyumbani kwenu ambayo hayawezi kungoja.