Tanzania: Kwa nini kila Mlutheri ni kuhani lakini si kila mmoja ni mchungaji

Katika Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania, KKKT, mwinjilisti huongoza ibada ya mtaa, huhubiri na kuwazuru wagonjwa. Hata hivyo, kwa kawaida Chakula cha Bwana humsubiri mchungaji, ambaye huenda anahudumia mitaa kadhaa. Je, desturi hii yapatanaje na fundisho kwamba kila mwamini ni kuhani?

Fundisho hilo lilitetewa na Martin Luther nchini Ujerumani mwaka 1520. Alikana kwamba makasisi ni tabaka la kiroho lililo juu ya walei. Kwa ubatizo, alieleza, fundi viatu na askofu wana hadhi moja mbele ya Mungu. Wanachotofautiana ni kazi.

Lakini kilicho cha wote hakitwaliwi na mmoja kwa hiari yake. Ndiyo maana Ungamo la Augsburg la mwaka 1530, katika kifungu cha 14, laagiza kwamba asiyeitwa ipasavyo asifundishe hadharani wala kutoa sakramenti. Kuwekewa mikono, basi, hakumwongezei mtu utakatifu. Kunathibitisha wito wa kanisa.

Historia ya Tanzania yaonyesha uzito wa ukuhani huo wa wote. Wamisionari Wajerumani walipoondolewa kutokana na Vita vya Kwanza vya Dunia, walimu na wainjilisti Waafrika walizitunza sharika nyingi. Kwa mtaa unaosubiri, kwa hiyo, swali si kama mwinjilisti ni mtakatifu wa kutosha, bali ni kama kanisa limemwita kwa kazi hiyo.