AC Ikizima Jenereta, Usikimbilie Kununua Kubwa

Huku Hulugho, karibu na mpaka wa Somalia, wengi wetu twategemea jenereta au sola. AC ikiwashwa, taa hufifia, mara jenereta yazimika. Fundi hulaumiwa bure.

Chanzo ni kompresa. Mota yake inapoanza kuzunguka huvuta umeme mara 5 au zaidi ya kawaida, kwa muda mfupi tu. Inayotumia ampea 6 yaweza kudai 30.

Kabla ya kununua jenereta kubwa na kuilisha mafuta kila siku, ushauri wangu: fundi afunge kifaa cha kuwasha kompresa taratibu. AC ikizimika, ngoja dakika 3 gesi itulie, ndipo uiwashe tena. Ukinunua mpya, chagua ya inveta. Hiyo huanza polepole yenyewe.