Mshahara Unapokatwa Kabla ya Kufika Nyumbani

Maporomoko ya tope ya Mlima Hanang ya tarehe 3 Desemba 2023 yaliwafunza wengi mkoani Manyara kwamba mali huweza kuondoka kwa asubuhi moja. Deni, hata hivyo, halisombwi na maji. Ndiyo maana tunaziasa familia zetu, za Jorodom na kwingineko, zijue sheria inavyoufikia mshahara wa mdaiwa.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 haimruhusu mwajiri kukata mshahara apendavyo. Makato yatokane na sheria, makubaliano ya pamoja, amri ya mahakama au tuzo ya usuluhishi, ama mfanyakazi mwenyewe akubali kwa maandishi kukatwa kwa ajili ya deni.

Mdai wa kawaida hana budi kufungua shauri, ashinde, kisha aombe mahakama ikazie hukumu. Hapo ndipo mwajiri huweza kuamriwa azuie sehemu ya mshahara kila mwezi mpaka deni liishe. Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu haihitaji njia hiyo ndefu: sheria yake yenyewe inamtaka mwajiri akate asilimia 15 ya mshahara wa msingi wa mnufaika.

Tuchukue mfano wa mwalimu mwenye mshahara wa msingi wa shilingi 600,000. Bodi itachukua 90,000. Kwa watumishi wa umma, makato yote kwa jumla hayatakiwi kuvuka theluthi mbili. Shilingi 200,000 lazima zimfikie, kwa kuwa nyuma yake wapo mke na watoto wasiokopa chochote.

Kinga hiyo huvunjika pale mtu anapomkabidhi mkopeshaji wa "kausha damu" kadi yake ya benki na namba ya siri. Huo si ukataji wa kisheria. Ni kujifunga kitanzi, na juu yake kuna dhambi ya riba.

Dini yetu imeweka mizani. Kitabu cha Allah, katika Suratul Baqara, kimeamrisha deni liandikwe, na kimeamrisha pia mdaiwa mwenye dhiki apewe muda. Mwenye uwezo akichelewesha kwa makusudi, huyo anadhulumu.

Basi tunausia mambo manne. Mume na mke waisome pamoja hati ya mshahara. Risiti za malipo zihifadhiwe, ili makato yasiendelee baada ya deni kwisha. Anayeitwa mahakamani ahudhurie, aombe kulipa kwa awamu. Na mdai amwogope Mola wake anapomwona mwenziwe amekwama.

Dawa ya deni ni kulipa. Lakini watoto wasilale na njaa kwa sababu baba aliona haya kusema kwamba anadaiwa.