Kisima cha Ngazi Mbili

Pujini, kusini-mashariki mwa Chake Chake kisiwani Pemba, pana magofu ya ngome iliyojengwa karne ya 15, kabla Wareno hawajatia nanga pwani hii. Wenyeji huihusisha na Mkama Ndume, mtawala ambaye ukatili wake unasimuliwa mpaka leo. Ndani ya ngome pana kisima. Wanasema bwana huyo alikuwa na wake wawili wasiotaka kuonana, akajenga ukuta kukigawa kisima: mke mmoja akiteka kwa kamba na ndoo kutoka juu, mwenziwe akishuka ngazi mpaka majini. Maji ni yale yale, na wao hawakukutana.

Kisima hicho kimenipa wazo la mnara wa kumbukumbu ambao Pemba haina, na ningependa iwe nao: mnara wa urasimu wa kusafiri katika wakati. Jina lina ugeni, lakini jambo lenyewe hufanyika kwenye mabenchi ya ofisi zetu. Mtu anapanga foleni ili arudishwe siku aliyozaliwa, aikute, igongwe muhuri, arudi nayo mkononi. Asiporudi na karatasi, ni kama hakwenda.

Mfano ni huu: Aprili 2016 Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar ilianzisha Pensheni Jamii. Mzee aliyetimiza miaka 70, awe alikuwa mkulima, mvuvi au mama wa nyumbani, alipwe shilingi 20,000 kwa mwezi, hata kama maisha yake yote hakuchangia mfuko wowote. Ni jambo kubwa, na waliolibuni wanastahili shukrani. Ila haki hiyo yote imening'inia kwenye namba moja, 70, na wengi waliozaliwa Pemba miaka ya 1940 walizaliwa majumbani, mikononi mwa wakunga, bila karani wala daftari.

Tumfikirie mzee ambaye baba yake aliandika kwa wino nyuma ya msahafu: amezaliwa Rajab 1365. Pensheni ilipoanza, Aprili 2016, ilikuwa ni Rajab 1437. Mzee anatoa, anapata 72. Anaondoka nyumbani na uhakika wake, msahafu umefungwa kwenye kitambaa. Karani anaigeuza tarehe ile: Rajab 1365 ni Juni 1946. Kwa hesabu ya ofisi mzee ana miaka 69 na miezi 10. "Babu, bado miezi miwili."

Hakuna aliyekosea. Mwaka wa mwezi mwandamo una siku 354 au 355, pungufu ya ule wa jua kwa siku 11 hivi. Ndiyo maana Ramadhani huzunguka, ikatukuta kwenye masika, ikatukuta kwenye kipupwe. Siku hizo 11 zikikusanyika kwa maisha ya mtu, miaka 70 ya Kiislamu inakuwa kama miaka 68 kasoro mwezi ya kalenda ya serikali. Tofauti ni miezi 25 hivi. Kwa kiwango kile cha shilingi 20,000 ni shilingi 500,000, na kwa mzee asiye na chanzo kingine cha kipato, hiyo ni dawa, ni mchele, ni nauli ya kwenda hospitali.

Na huyu angalau ana maandishi. Asiye nayo husafirishwa kwa maswali. Mapinduzi ya Januari 1964 yalikukuta wapi, bibi? Ulikuwa umeshavunja ungo? Umeshaolewa? Vita vya Ng'ombe, zile ghasia za 1951, unavikumbuka mwenyewe au ulihadithiwa? Bibi anajibu kwa alama alizonazo: mavuno makubwa ya karafuu, mwaka aliofiwa na kaka, mtoto wa kwanza aliyekuwa ananyonya. Ushahidi huo ni mzuri kuliko unavyodhaniwa, kwa sababu mama hasahau mtoto gani alikuwa mgongoni siku ya kukimbia ghasia. Lakini karatasi haina nafasi ya mtoto wa mgongoni, ina nafasi ya siku, mwezi na mwaka. Mwaka ukishakisiwa, siku na mwezi navyo hujazwa kwa kukisia, na bibi anapewa tarehe ambayo hakuna mtu wa ukoo wake aliyewahi kuisikia.

Kuna na hesabu ya tatu, ya Nairuzi, kalenda ya jadi ya pwani, ile ya miongo ya siku kumi kumi, yenye siku 365 bila mwaka mrefu. Kwa miaka 70 inaachana na ya serikali kwa siku 17 tu. Naiacha ipite.

Sasa mnara wenyewe. Sitaki sanamu ya mtu juu ya jukwaa, haitufai Wapemba. Nataka kisima kikubwa cha mawe ya matumbawe na chokaa, pale Gombani, Chake Chake, chenye ukuta katikati kama cha Pujini. Upande mmoja ngazi 70 za jua, upande wa pili ngazi 72 za mwezi, fupi kidogo kila moja, na zote mbili ziishie kwenye maji yale yale. Katikati ya ukuta pawe na tundu la dirisha la karani, ili anayeshuka huku amwone anayeshuka kule. Juu kisiezekwe. Mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba, jua la Pemba husimama utosini barabara, na mwanga ungefika mpaka majini. Usingefika saa sita kamili ya saa zetu za mkononi. Saa hizo zinafuata longitudo ya 45, inayopita karibu na Mogadishu, nasi tuko magharibi yake. Machi jua lingefika utosini saa sita na nusu hivi, Oktoba saa sita na dakika kama tisa. Hata adhana ya adhuhuri hailingani na saa sita ya ofisi, na hakuna anayeiita adhana ya uongo.

Mnara huo hautajengwa kesho. Fomu inaweza kurekebishwa hata wiki hii. Nawaomba wanaoiandaa: mzee akitaja mwaka au umri, fomu imuulize ni kwa kalenda ipi, na alama alizotaja ziandikwe kama alivyozitaja, zibaki kwenye jalada pembeni ya tarehe. Nawe msomaji, kama nyumbani kwenu kuna msahafu wa zamani, fungua kurasa za nyuma kabla wino haujafifia.